Daktari aliyefia Kasongo, na papasi wa nyumba ya bibi

SWALI: Naandika kutoka Kasulu, ninasomea utabibu, mwaka wa pili. Mwalimu alitugusia kwamba aliyethibitisha chanzo cha homa ya papasi ni daktari aliyekuwa akichunguza kupe ng'ambo ya ziwa, akafa kwa ugonjwa huohuo. Akaongeza kwamba papasi si mdudu, ni jamaa ya buibui na nge. Daktari huyo ni nani, alijuaje, na kuna faida gani kwangu mimi kujua kama papasi ni buibui au mdudu? Nauliza pia kwa sababu nyumba ya bibi kijijini ina papasi, na mjomba anataka kuibomoa ajenge nyingine hapohapo pembeni.

JIBU: Huyo ni Joseph Everett Dutton, Mwingereza aliyezaliwa mwaka 1874 huko Cheshire, akasomea udaktari Liverpool, akafia Kasongo tarehe 27 Februari 1905. Alikuwa na miaka 30. Kasongo iko Maniema, Kongo, kama kilomita 330 magharibi ya Kigoma ukipima kwa mstari ulionyooka. Ilikuwa ngome ya Tippu Tip, tajiri wa misafara ya pembe na watumwa, na misafara iliyotoka huko ilivuka Ziwa Tanganyika, ikatua Ujiji, ikakata Tabora kuelekea pwani. Ishike njia hiyo akilini. Papasi, yule kupe wa ngozi laini anayejificha kwenye nyufa na vumbi la nyumba za udongo, hana mabawa wala haruki, na miguu yake haimfikishi mbali. Akitoka kijiji kimoja kwenda kingine amebebwa na mtu, kwenye mkeka au mzigo.

Dutton hakuwa mtaalamu wa buibui, hilo tuliseme wazi. Madaktari waliopenda buibui kwa ajili ya buibui wenyewe wamekuwepo. Martin Lister, ambaye baadaye alikuwa tabibu wa Malkia Anne, alichapisha maelezo ya buibui wa Uingereza mwaka 1678. Ludwig Koch wa Nuremberg aliganga wagonjwa na kutumia muda uliobaki kuandika juu ya buibui wa Australia ambao walifika kwake ndani ya chupa. Dutton yeye alikuwa mtu wa homa na damu. Alimfikia kupe kwa sababu homa ilimpeleka huko.

Kabla ya kupe, jina lake lilikuwa limeshaingia vitabuni kwa jambo jingine. Mwaka 1901 alikuwa Gambia, ambako Dk. Forde alikuwa na mgonjwa, nahodha wa meli ya mtoni, ambaye damu yake ilikuwa na vijidudu vinavyojinyonganyonga. Dutton akavitambua kuwa ni tripanosoma, vimelea vya damu, na mwaka 1902 akavipa jina Trypanosoma gambiense. Hao ndio wa malale ya Afrika Magharibi na Kati. Malale ya kwetu, ya Kasulu, Kibondo na Urambo, inaletwa na ndugu yake, rhodesiense, ambaye huua haraka zaidi. Usiyachanganye hayo mawili kwenye mtihani wala wodini.

Septemba 1903 Chuo cha Tiba ya Magonjwa ya Nchi za Joto cha Liverpool kilimtuma Kongo pamoja na John Lancelot Todd, daktari kijana wa Kanada. Kazi yao ilikuwa malale. Wakiwa njiani waliandika pia juu ya funza wa sakafuni, yule anayejificha kwenye vumbi na kunyonya damu ya anayelala chini, kwa hiyo macho yao yalikuwa yamekwishazoea kutazama sakafu. Mwishoni mwa 1904 walikuwa Stanley Falls, ambako leo ni Kisangani, na huko wakakutana na wagonjwa wa homa inayokata kisha inarudi. Kwenye damu zao waliona nyuzi nyembamba zilizojikunja kama chemchemi ya kalamu.

Nyuzi za namna hiyo hazikuwa ngeni. Otto Obermeier alikuwa ameziona Berlin mwaka 1868, kwa wagonjwa wa homa ya kujirudia inayoenezwa na chawa. Mwaka huohuo wa 1904 Ross na Milne, madaktari waliokuwa Uganda, walitangaza kwamba wameziona kwa wagonjwa wa homa ya kupe. Na wenyeji wa njia ya misafara walishajua siku nyingi kwamba papasi akikuuma utaugua. Kilichokosekana ni ushahidi ambao mtu hawezi kuupinga.

Dutton na Todd waliukusanya hatua kwa hatua. Waliokota papasi kwenye nyumba walimolala wagonjwa, wakawaacha wanyonye damu ya tumbili, kisha wakawa wanapima damu ya tumbili hao. Nyuzi zikatokea. Bado mpinzani angeweza kusema papasi amebeba damu chafu mdomoni tu, kama sindano isiyooshwa. Basi wakachukua mayai ya papasi wenye maambukizi, wakasubiri yaanguliwe, wakawapa watoto hao tumbili wa kunyonya. Watoto ambao hawajawahi kumgusa mgonjwa yeyote wakaambukiza. Kwa maoni yangu hilo ndilo jaribio lao kubwa kuliko yote, kwa sababu linamaanisha nyumba inaweza kubaki na ugonjwa hata kama mgonjwa wa mwisho alihama zamani. Mama humrithisha mtoto.

Mwaka huohuo wa 1905 Robert Koch, mtafiti wa bakteria wa Ujerumani (si yule Ludwig wa buibui), alikuwa upande wetu, kwenye koloni la Wajerumani, akipasua papasi waliookotwa kwenye mabanda ya kupumzikia wasafiri, na akaziona nyuzi hizo ndani ya mayai yenyewe. Kazi mbili zilizofanywa mbalimbali zikakutana.

Dutton na Todd wote wawili waliugua homa waliyokuwa wakiichunguza. Todd alipona, akawa mwalimu wa elimu ya vimelea katika Chuo Kikuu cha McGill, Montreal, akaishi hadi 1949. Dutton akafia Kasongo. Ripoti yao ilitoka Liverpool mwaka huohuo, ikiwa na sehemu ya Robert Newstead iliyoeleza umbo la nje la papasi, na zile nyuzi, ambazo ni bakteria, sasa zinaitwa Borrelia duttonii.

Sasa suala la buibui. Kupe na papasi wako kundi moja na buibui, nge na utitiri: miguu minane, hawana papasio kichwani, hawana mabawa. Mdudu halisi kama kunguni ana miguu sita na papasio mbili. Weka papasi mkubwa kwenye sahani nyeupe umtazame kwa lenzi. Ana urefu wa milimita 8 hadi 10, rangi ya udongo, ngozi ya mikunjo yenye chembechembe kama ngozi ya viatu isiyopakwa dawa. Ukimtazama kwa juu huoni mdomo, kwa sababu uko chini ya tumbo lake. Macho hana kabisa. Kupe wa ng'ombe, yule wa ndigana kali, ana gamba gumu mgongoni na mdomo umetokeza mbele, na huganda kwenye ngozi siku kadhaa. Papasi hufanya kazi yake usiku kwa dakika 20 au 30, hushiba mpaka akawa kama punje ya kunde, kisha hurudi ufani. Asubuhi humkuti. Ndiyo maana mgonjwa ukimwuliza kama ameumwa na kupe atakujibu hapana, na hasemi uongo.

Akiwa ananyonya, au mara amalizapo, hutoa majimaji meupe kupitia matundu mawili yaliyo kati ya shina la mguu wa kwanza na wa pili. Majimaji hayo yana bakteria sawa na mate yake, na huingia kwenye kidonda cha mng'ato au mkwaruzo wowote. Kwa hiyo usimpasue papasi kwa kucha, hasa ukiwa na mkono uliochubuka, wala usijifute jicho baadaye. Mchukue kwa kibanio, mtie kwenye spiriti.

Tofauti nyingine ndiyo inayomhusu mjomba wako: umri. Kunguni akikosa damu kwa miezi mingi hufa. Papasi mzima huvumilia miaka kadhaa bila kula, na akiwa hai maambukizi yake yako hai.

Nije kwenye zahanati, kwa sababu hapo ndipo homa hii inapotuchezea zaidi. Mtu huanza kuumwa takriban wiki moja baada ya kuumwa na papasi, ingawa inaweza kuwa siku 4 au hata 18. Homa kali ya ghafla, kichwa, mgongo na viungo, kutapika, mara nyingine wengu umevimba. Baada ya siku kama tatu homa hukata yenyewe kwa jasho jingi. Mgonjwa hupata nafuu kwa wiki hivi, kisha inarudi, na inaweza kurudi mara nyingi. Sababu ni kwamba bakteria hubadilisha protini ya ganda lake. Kinga ya mwili inakuwa imejifunza kumtambua wa jana wakati wa leo amevaa vazi jingine.

Mtego wake ni huu. Mgonjwa anafika siku ya pili ya homa, kipimo cha haraka cha malaria kinasoma hasi au kinasoma chanya kwa malaria aliyonayo pamoja, anapewa dawa ya mseto. Siku ya tatu homa inakata. Wote wanafurahi kuwa mseto umefanya kazi. Wiki moja baadaye yuko mlangoni tena, na sasa anaandikiwa malaria sugu, au anapimwa Widal na kuambiwa ana taifodi. Mseto hauui borrelia, na kipimo cha haraka cha malaria hakimuoni. Homa iliyokata na kurudi kwa mtu anayelala kwenye nyumba ya udongo inahitaji slaidi ya damu, na swali ambalo halimo kwenye fomu nyingi: umelala wapi wiki mbili zilizopita? Msafiri, mtoto aliyekwenda likizo kwa bibi, mchungaji anayelala kambini, mtu aliyekwenda msibani akalazwa sakafuni kwenye mkeka. Hao waulize mara mbili. Mgeni huugua vibaya kuliko mwenyeji ambaye amekwisha kujenga kinga kidogo.

Damu itolewe homa ikiwa juu. Homa ikishakata, bakteria wanapungua kiasi kwamba darubini haiwaoni, na jibu la hasi siku hiyo halina maana yoyote. Tengeneza tone nene na tone jembamba kwenye slaidi moja. Acha zikauke kabisa. Jembamba lilowekwe kwenye methanoli, nene lisiguswe nayo, la sivyo chembe nyekundu hazitayeyuka na hutaona kitu. Rangi ya Giemsa ya asilimia 10, iliyochanganywa siku hiyohiyo kwa maji ya pH 7.2, dakika 10 hadi 15. Soma kwa lenzi ya mafuta ya 100 na usitangaze hasi kabla ya kupitia maeneo 200 ya tone nene. Homa ya papasi huwa na bakteria wachache kwenye damu kuliko ile ya chawa, hivyo msomaji mwenye haraka huwapita.

Unachotafuta ni uzi wa zambarau wenye mawimbi ya kawaida, mrefu kuliko upana wa chembe nyekundu mara mbili au zaidi, umelala kati ya chembe na si ndani yake. Kinachodanganya ni mikwaruzo ya slaidi iliyotumika tena, nyuzi za pamba na nyuzi za fibrini, protini ya damu iliyoganda. Mkwaruzo umenyooka na unapita juu ya kila kitu bila kujali. Fibrini huwa na matawi na unene usiolingana. Ukiwa na mashaka, tone bichi la damu chini ya kioo kidogo litakukata kiu: borrelia aliye hai anajizungusha na kuzisukuma chembe nyekundu, na ukishaliona hilo mara moja hulisahau.

Tiba ya kawaida kwa mtu mzima ni doksisaiklini miligramu 100 mara 2 kwa siku, kwa siku 7 hadi 10. Mjamzito na mtoto wa chini ya miaka 8 wapewe erithromaisini: mtu mzima miligramu 500 mara 4 kwa siku, mtoto miligramu 12.5 kwa kila kilo ya uzito mara 4 kwa siku, muda uleule. Mwongozo wa kituo chako ukisema tofauti, fuata huo na mwone aliye juu yako kabla ya kubadilisha chochote.

Dozi ya kwanza ndiyo ya kuogopwa. Ndani ya saa 1 hadi 4 bakteria wanakufa kwa wingi, na mwili unajibu kwa kutetemeka, homa kupanda kuliko mwanzo, mapigo kwenda mbio na shinikizo la damu kushuka. Ndugu watakwambia umemchoma mgonjwa wao dawa mbaya. Si mzio, na si sababu ya kukatisha dozi. Mlaze, mpime joto, mapigo na presha kila nusu saa kwa saa 4 za mwanzo, uwe na drip tayari. Usimpe kidonge cha kwanza mlangoni jioni akapande bodaboda kwenda kilomita 20. Na mjamzito usimrudishe nyumbani hata kama anaonekana mzima. Homa hii huharibu mimba, huleta uchungu kabla ya wakati, na mtoto anaweza kuzaliwa nayo. Katika magonjwa yote utakayoyakuta Kigoma hili ni mojawapo ya yale ambayo slaidi moja iliyosomwa kwa subira inaokoa watu wawili kwa pamoja.

Nyumba ya bibi. Kwanza hakikisha ni papasi kweli, maana watu wengi huita papasi kila kinachouma usiku. Chukua kijiko na tochi. Komba vumbi kina cha sentimita 5 pale ukuta unapokutana na sakafu, kwenye miguu ya kitanda, nyuma ya mafiga kama wanapika ndani, na kwenye nyufa za upande wa mchago. Chekecha, kisha mwaga kinachobaki kwenye shuka jeupe juani na usubiri. Papasi akishtuliwa hujikunja na kujifanya kokoto, naye amepakwa vumbi hilohilo. Watu hutazama dakika moja wakasema hakuna. Mpe dakika 10 jua limpashe, ataanza kutembea.

Kusiriba upya kwa udongo na samadi hakutoshi. Siribio hukauka, hupasuka, na nyufa mpya ni makao mapya. Kinachomtesa papasi ni sakafu ngumu isiyo na ufa na ukuta uliopigwa lipu angalau mita 1 kutoka chini. Chumba cha mita 3 kwa 3 kinahitaji mifuko 2 ya saruji ya kilo 50 kwa sakafu ya unene wa sentimita 2.5 hadi 3, kila mfuko na ndoo 7 za mchanga za lita 20. Kabla ya hapo ondoa vumbi la juu, lichimbiwe mbali na nyumba, mwaga maji kidogo na ushindilie mpaka kisigino kisiache alama, maana saruji juu ya udongo laini hupasuka mwaka wa kwanza. Kona ya ukuta na sakafu ipigwe mviringo, isiachwe mraba. Ufa wa kwanza hutokea hapo. Imwagilie maji siku 7. Fundi atakwambia siku 2 zinatosha, mwache aseme.

Dawa ya kupuliza husaidia ikiwa pamoja na ukarabati. Huko Mvumi, Dodoma, miaka ya 1990, nyumba zenye papasi zilipulizwa lambda-sihalothrini na homa hii ikapungua kwa watoto wa chini ya miaka 5. Lakini ukuta wa udongo hunywa dawa, na papasi aliye ndani ya ufa mrefu haguswi, naye anajua kusubiri kuliko dawa. Mwombe bwana afya wa kata akuelekeze dawa iliyosajiliwa na kipimo chake. Dawa ya kuogeshea ng'ombe isipulizwe chumbani anamolala mtu. Wakati mnasubiri fedha za saruji, bibi asilale sakafuni. Kitanda kisogezwe sentimita 30 kutoka ukutani, kila mguu uwe ndani ya kopo lenye mafuta machafu kidogo, chandarua chenye dawa kichomekwe chini ya godoro pande zote na shuka lisiburuzike chini. Kuku watolewe chumbani, kwa sababu papasi hula kuku vilevile, na kuku wa bibi ni jiko la akiba.

Na mjomba? Kubomoa si kosa, kosa ni anachohamisha. Akijenga pembeni kwa miti ileile, mlango uleule, mikeka ileile na udongo uliochimbwa palepale, atakuwa amewajengea papasi nyumba mpya. Kama ameshaamua, tofali ziwe za kuchoma na sakafu ya saruji tangu mwanzo, nguo na matandiko yachemshwe, mikeka ya zamani ichomwe moto. Mbao za kitanda zimwagiwe maji yanayochemka kwenye kila tundu la msumari na kukaushwa juani kabla hazijaingia. Gofu la zamani lisigeuzwe banda la mbuzi wala chumba cha wageni: libomolewe mpaka msingi, na watoto wasicheze wala kulala humo, hata miaka mitatu ikipita.